Kijana mrushaji wa besiboli: asaini akitoka sekondari au apite chuoni kwanza?

Kijana wa miaka 18 anayerusha mpira kwa kasi ya maili 95 kwa saa, awe Texas, Florida au California, hukutana na uamuzi mgumu katika wiki chache za Julai. Klabu imemchagua kwenye drafti, yaani zoezi la klabu kugawana wachezaji wapya, na imeweka pesa mezani ili asaini. Upande wa pili, chuo kikuu kimemwahidi nafasi na ufadhili, na masomo yanaanza Agosti. Akiingia chuo cha miaka minne, klabu hazimgusi tena mpaka amalize mwaka wa tatu au atimize miaka 21. Akisaini, hatacheza tena besiboli ya chuo.

Msimamo wangu nautoa mapema ili msomaji ajue ninasimama wapi. Kwa mrushaji, tofauti na mpigaji, jambo la kwanza la kutazama ni ukubwa wa pesa ya kusaini. Mambo mengine yote, makocha, mitambo, jina la chuo, rangi ya jezi, yanakuja baada ya hapo. Sababu ni mbili. Mkono wa mrushaji unaweza kuharibika siku yoyote. Na klabu humvumilia zaidi yule iliyemlipia fedha nyingi.

Kwanza mfumo wenyewe, kwa ufupi. Drafti hufanyika kila Julai, na klabu 30 za Ligi Kuu ya besiboli ya Marekani huchagua kwa zamu katika raundi 20 (zamani zilikuwa 40, na mwaka 2020 wa janga la korona zilikuwa 5 tu). Aliyechaguliwa akisaini hapelekwi Ligi Kuu. Anapelekwa ligi ndogo, ambazo tangu 2021 zina timu 120 katika ngazi nne: A, A ya juu, AA na AAA. Chini ya hizo kuna ligi za kambi huko Florida na Arizona, ambako vijana wa sekondari huanzia mbele ya viti vilivyo vitupu. Mrushaji wa chuo kwa kawaida huruka ngazi moja au mbili za mwanzo.

Pesa ya kusaini inanunua nini

Watu wengi huiona pesa ya kusaini kama zawadi. Mimi naiona kama muda. Msimu ukiendelea, klabu hairuhusiwi kuwa na wachezaji wa ligi ndogo zaidi ya 165 ndani ya Marekani. Kila Julai wanaingia wapya karibu ishirini, wengine wanatoka Jamhuri ya Dominika na Venezuela, kwa hiyo lazima wengine waachwe. Anayeamua nani aachwe anatazama ripoti za makocha, lakini anatazama pia fedha iliyokwisha kutoka. Mrushaji aliyelipwa dola milioni mbili akiharibu msimu mzima hupewa kocha mpya, hubadilishiwa mtindo wa kurusha, hujaribiwa kama mrushaji wa akiba. Aliyelipwa dola elfu kumi akiharibu miezi miwili huitwa ofisini.

Mtazame Clayton Kershaw. Mwaka 2006 alikuwa kijana wa sekondari ya Highland Park, Dallas, na alikuwa ameahidi kwenda Texas A&M. Los Angeles Dodgers walimchagua wa saba na kumlipa dola milioni 2.3. Akasaini. Mei 2008 alikuwa Ligi Kuu, ana miaka 20. Kwa kuwa alianza mapema, hata mikataba mikubwa ilimfikia mapema: Januari 2014, akiwa na miaka 25, alisaini mkataba wa miaka saba wa dola milioni 215. Chuo kisingemfikisha huko haraka hivyo. Huu ndio mfano bora wa upande wa kusaini, na wakala yeyote atakutajia kabla hujakaa kitini.

Sasa mtazame Gerrit Cole. Mwaka 2008 New York Yankees walimchagua wa 28, naye akakataa kabisa, akaenda chuo cha UCLA, California. Miaka mitatu baadaye Pittsburgh Pirates walimchagua wa kwanza nchi nzima na kumlipa dola milioni 8. Aliingia Ligi Kuu Juni 2013. Mwishoni mwa 2019 akawa huru kuchagua klabu, na Yankees wale wale aliowakataa wakampa mkataba wa miaka tisa wa dola milioni 324.

Mifano hii miwili ikiwekwa pamoja inaonekana kama inapingana. Mimi sioni hivyo. Kershaw alisaini kwa fedha ambayo klabu isingeweza kuitupa, na Cole alipokataa alikuwa na familia iliyoweza kusubiri. Hakuna hata mmoja wao aliyekuwa kwenye hali ya kijana wa raundi ya 12. Huyo ndiye ninayemwandikia zaidi. Katika raundi ya 11 hadi ya 20, klabu inaweza kumpa mchezaji hadi dola 150,000 bila kugusa bajeti yake ya drafti. Inasikika kama fedha nyingi kwa kijana ambaye hajawahi kulipwa. Toa kodi ya serikali kuu, toa kodi ya jimbo pale inapotozwa, toa asilimia ya wakala. Kinachobaki hakifiki hata gharama ya miaka miwili kwenye chuo binafsi kama Vanderbilt au Stanford, ambako mwaka mmoja wa masomo na makazi umepita dola 80,000. Na kwa klabu, 150,000 ni fedha inayosahaulika kufikia Krismasi.

Kwa hiyo, kama ningekuwa mjomba wa kijana huyo na akaniuliza, ningemwambia: chini ya dola nusu milioni, nenda chuoni. Kati ya nusu milioni na milioni moja na nusu, tuzungumze, tutazame hali ya nyumbani na hali ya kiwiko chako. Zaidi ya hapo, saini. Hii ni hesabu yangu, haimo kwenye kanuni yoyote, na mtu mwenye mzazi mgonjwa au wadogo wa kusomesha ana haki ya kuishusha.

Mkono

Mwaka 1974 daktari Frank Jobe alimfanyia mrushaji Tommy John upasuaji wa kwanza wa kubadilisha ligamenti ya ndani ya kiwiko kwa kutumia kano kutoka sehemu nyingine ya mwili. Upasuaji huo hadi leo unaitwa kwa jina la mgonjwa. Kurudi uwanjani huchukua mwaka mmoja hadi mwaka na nusu. Siku hizi haushangazi mtu. Vijana wa sekondari wanaufanyiwa. Ripoti ya Ligi Kuu iliyotoka Desemba 2024 ilitaja wazi kinachowaumiza: kukimbizana na kasi, na kurusha kila mpira kwa nguvu zote.

Je, chuo au ligi ndogo, wapi mkono unatunzwa zaidi? Hapa naipa klabu alama nyingi. Klabu inauona mkono kama mali yake ya miaka sita au saba ijayo, hivyo inahesabu kila mpira na kumwondoa kijana mapema. Kocha wa chuo anataka kushinda Juni hii. Msimu wa kawaida wa chuo ni wa taratibu: mechi 56, kati ya Februari na Mei, na mrushaji mkuu huanza kila Ijumaa. Tatizo ni mchujo, zile mechi za mtoano za kutafuta ubingwa. Timu ikiwa katika hatari ya kutolewa, mrushaji aliyerusha mipira zaidi ya mia siku ya Ijumaa anaweza kuonekana tena Jumapili au Jumatatu. Mzazi akitembelea chuo aulize swali hilo bila kuzunguka: mwaka jana, kwenye mchujo, mrushaji wenu mkuu alipumzika siku ngapi kati ya mechi na mechi? Majibu yamo kwenye kumbukumbu za mechi, na yeyote anaweza kuyakagua mwenyewe.

Lakini kiwiko hakijali kama uko chuoni au kwenye klabu, na hapa hadithi ya Brady Aiken inaniuma kila nikiifikiria. Mwaka 2014 Houston Astros walimchagua wa kwanza nchi nzima akitokea sekondari ya Cathedral Catholic, San Diego. Walikuwa wamekubaliana dola milioni 6.5. Wakampima, wakaona kitu kwenye ligamenti ya kiwiko, wakashusha bei. Familia ikakataa. Kufikia Machi mwaka uliofuata ligamenti ilikuwa imekatika na amefanyiwa upasuaji. Cleveland walimchagua wa 17 mwaka 2015 na kumlipa takriban dola milioni 2.5, lakini Ligi Kuu hakuiona. Siwalaumu wazazi wake. Walihisi mtoto wao anapunjwa. Nasema tu kwamba kwa mrushaji, fedha iliyoko mezani leo ina thamani kuliko ile ile mwaka ujao.

Kumar Rocker yalimkuta kama hayo, tena akiwa ametoka chuoni. Mwaka 2019, akiwa mwaka wa kwanza Vanderbilt, aliwatoa wapigaji 19 wa chuo cha Duke kwa mapigo matatu (nafasi zao tatu za kupiga zikiwapita) kwenye mechi ambayo hawakupata hata pigo moja salama. Mwaka 2021 New York Mets walimchagua wa kumi, wakakubaliana dola milioni 6, kisha vipimo vya mkono vikaharibu kila kitu na hawakumpa mkataba. Alifanyiwa upasuaji wa bega, akaenda kurusha kwenye ligi huru, isiyo chini ya klabu za Ligi Kuu, na timu ya Tri-City ValleyCats, na 2022 Texas Rangers wakamchagua wa tatu kwa dola milioni 5.2. Mwaka 2023 kiwiko nacho kikafanyiwa upasuaji. Aliingia Ligi Kuu Septemba 2024. Kutokana na visa vya aina hii, makubaliano ya 2022 kati ya Ligi Kuu na chama cha wachezaji yaliweka kinga: kijana aliye kwenye orodha ya juu akikubali kupimwa kabla ya drafti, klabu inayomchagua inalazimika kumpa angalau asilimia 75 ya thamani iliyopangiwa nafasi yake. Kijana yeyote anayealikwa kwenye vipimo hivyo akubali. Sioni sababu ya kukataa, isipokuwa tayari anajua mkono una kasoro.

Siku ya kawaida, huku na kule

Chuoni, kijana anaamka kwenye bweni, anakwenda darasani, saa nane mchana yuko uwanjani. Vyuo vikubwa vya kusini, kama LSU (Chuo Kikuu cha Jimbo la Louisiana), hujaza maelfu ya watu Ijumaa usiku. Chakula kipo, mwalimu wa ziada yupo, mtaalamu wa misuli yupo. Wake Forest, kule Winston-Salem, wana maabara nzima ya kupima jinsi mwili wa mrushaji unavyozunguka, na mwanafunzi wao Rhett Lowder alichaguliwa wa saba mwaka 2023 na mwaka uliofuata alikuwa tayari Ligi Kuu na Cincinnati Reds.

Ligi ndogo ni kazi. Timu hucheza Jumanne hadi Jumapili, mechi sita na mpinzani mmoja, Jumatatu ni ya mapumziko au ya safari. Ngazi ya A ni mechi 132, AA ni 138, AAA ni 150. Safari nyingi ni za basi usiku. Hali imeboreka sana, na hili lisemwe kwa haki: tangu 2022 klabu hulipia makazi ya wachezaji walio wengi, na Machi 2023 wachezaji wa ligi ndogo walipata mkataba wa pamoja wa kwanza katika historia yao. Mshahara wa chini wa mwaka ukapanda kutoka dola 13,800 hadi 30,250 katika AA, na kutoka 17,500 hadi 35,800 katika AAA. Kwenye ligi za kambi ukawa dola 19,800. Bado ni mshahara wa kujibana. Linganisha na kima cha chini cha Ligi Kuu mwaka 2025, dola 760,000, uone ukubwa wa ukuta uliopo kati ya AAA na ngazi ya mwisho.

Kuna jambo moja la kiufundi ambalo familia nyingi hazilijui, nalo linabadilisha kazi nzima ya mrushaji. Vyuoni wapigaji hutumia magongo ya alumini. Kwenye klabu ni ya mbao. Rusha mpira wa ndani, karibu na mikono ya mpigaji. Gongo la mbao linavunjika vipande na mpira unajikokota polepole mpaka kwa mlinzi wa ndani. Gongo la alumini halivunjiki, na mpira ule ule unaelea juu ya vichwa vya walinzi wa ndani na kutua nyasini. Mpigaji amefika kituo cha kwanza. Mrushaji wa chuo akiadhibiwa hivyo mara nyingi, anajifunza kukimbilia upande wa nje. Akifika ligi ndogo inabidi afundishwe upya kuingia ndani, na miezi ya mwanzo inakuwa ya maumivu.

Pia, katika vyuo vingi aina ya mpira wa kurusha huchaguliwa na kocha. Anakaa kivulini, anasoma karatasi yake, anatuma namba, mdakaji aliye nyuma ya mpigaji anaonyesha, kijana anarusha. Kwenye klabu mdakaji na mrushaji huamua wao, siku hizi kwa kifaa chenye vitufe. Kijana aliyesaini akiwa na miaka 18 huanza kujiamulia mapema, tena kwa kukosea mbele ya watu wachache. Aliyepita chuoni anafika akiwa na mwili wa mtu mzima na ujasiri wa mechi kubwa, lakini kichwani ana zoea la kuamuliwa. Ukiniuliza kipi ni rahisi kurekebisha, nitasema hilo zoea la kuamuliwa.

Mwaka wa nne, na habari ya Mark Appel

Aliyepita chuoni hukutana na uamuzi mwingine mwisho wa mwaka wa tatu: asaini au arudi kumaliza? Hapa sina kusitasita. Asaini. Mwaka wa tatu bado ana kitu cha kutishia nacho klabu: "mkinipunja, narudi chuoni." Mwaka wa nne hana. Klabu zinajua, na wengi wa mwaka wa nne husaini kwa maelfu machache ya dola, huku fedha iliyookolewa kwao ikitumika kumshawishi kijana wa sekondari.

Mark Appel ndiye anayetajwa daima kama aliyefaulu kurudi. Alikuwa mrushaji wa Stanford. Mwaka 2012 Pirates walimchagua wa nane, wakampa dola milioni 3.8, akakataa. Akarudi, akamaliza shahada, na 2013 Astros wakamchagua wa kwanza nchi nzima kwa dola milioni 6.35. Kwa fedha, alishinda.

Kilichofuata ndicho ningependa kila familia ikisome kwa utulivu. Mwaka 2014 alipelekwa Lancaster, timu ya ngazi ya A ya juu katika jangwa la California, ambako upepo na hewa kavu hubeba kila mpira uliopigwa vizuri. Wastani wake wa mikimbio aliyoruhusu kwa kila vipindi tisa ulikuwa 9.74. Kwa chaguo la kwanza la taifa hiyo ni aibu ya hadharani, na wenzake waliochaguliwa nyuma yake, Kris Bryant wa pili, walikuwa wakipanda. Desemba 2015 Astros wakamuuza Philadelphia Phillies. Kikaja kiwiko, likaja bega. Mwanzoni mwa 2018, akiwa na miaka 26, aliacha mchezo.

Alirudi 2021. Tarehe 29 Juni 2022, wiki mbili kabla ya kutimiza miaka 31, alisimama kwenye tuta la Ligi Kuu kwa mara ya kwanza akiwa na Phillies. Alirusha mechi sita, vipindi kumi na theluthi, wastani 1.74. Kisha kiwiko tena. Machi 2023 klabu ikamwachia.

Nauliza: je, angekuwa na safari nyingine kama angesaini 2012? Huenda mkono ungeumia vile vile. Lakini miaka yote ile ya kushindwa, kuuzwa, kuumia na kujaribu tena, klabu mbili zilimvumilia kwa sababu ya alivyochaguliwa na alivyolipwa. Na alipoacha, alikuwa na shahada ya Stanford mkononi. Ndiyo maana siwezi kumtumia Appel kuwahimiza watu warudi mwaka wa nne, ila namtumia bila wasiwasi kuonyesha ubora wa chuo kwa yule anayeweza kuingia chuo cha namna ile.

Upande wa pili yuko Jacob deGrom, aliyekuwa mchezaji wa ndani pale chuo cha Stetson, Florida, akaanza kurusha akiwa mwaka wa tatu. Mets walimchagua raundi ya 9 mwaka 2010, wa 272, kwa dola 95,000. Mwaka huo huo kiwiko kikafanyiwa upasuaji na msimu wote wa 2011 ukapita. Aliingia Ligi Kuu Mei 2014, akawa mchezaji bora mpya wa mwaka, na baadaye alitwaa tuzo ya Cy Young, ya mrushaji bora wa mwaka, 2018 na 2019. Watu hulitaja jina lake kutia moyo, na linatia moyo kweli. Lakini angalia kilichomsaidia: mkono wa mtu ambaye hakurusha utotoni, kwa hiyo ulikuwa haujachakaa. Kijana aliyekuwa akirusha mwaka mzima tangu darasa la sita hana akiba hiyo.

Elimu na ufadhili

Hapa mambo yamebadilika sana, kwa hiyo usisikilize ushauri wa mtu aliyecheza chuo miaka ya 1990. Kwa miaka mingi timu ya daraja la kwanza ilikuwa na ufadhili kamili 11.7 tu wa kugawia wachezaji hadi 27, hivyo wengi walilipiwa robo au nusu. Tangu mwaka wa masomo 2025/26, vyuo vilivyoingia kwenye makubaliano mapya ya mahakama vina kikomo cha wachezaji 34 na vinaweza kumlipia kila mmoja ada yote. Pia vinaweza kugawa mapato kwa wanamichezo wao (kikomo cha mwaka huo wa 2025/26 kilikuwa dola milioni 20.5), ingawa sehemu kubwa huenda kwenye futiboli ya Kimarekani na mpira wa kikapu. Faida hii ina upande wake wa uchungu. Nafasi zimepungua, na makocha wanapenda kuchukua mrushaji wa miaka 21 anayehama kutoka chuo kingine kuliko kumsubiri wa 18 akomae. Paul Skenes mwenyewe alihama: miaka miwili chuo cha Jeshi la Anga, kisha LSU, ambako 2023 aliwatoa wapigaji 209 kwa mapigo matatu, akatwaa ubingwa wa vyuo huko Omaha, akachaguliwa wa kwanza kwa dola milioni 9.2. Mei 2024 alikuwa Ligi Kuu. Kwa kila Skenes anayeingia, kuna kijana wa mwaka wa kwanza anayekosa vipindi vya kurusha.

Aliyesaini akitoka sekondari anaweza kudai kwenye mkataba klabu imlipie masomo ya baadaye. Kiasi kiandikwe kwa tarakimu, na kiwe cha gharama za miaka ijayo, maana ada hupanda. Kumbuka pia kuwa ana miaka miwili tu ya kuanza kusoma baada ya kuacha mchezo. Wengi huipitisha wakijaribu ligi huru moja baada ya nyingine.

Chuo cha miaka miwili kinasahaulika, nacho kinamfaa kijana aliyechelewa kukua. Anaweza kuchaguliwa kila mwaka bila kusubiri wa tatu, na anarusha sana tangu mwanzo. Kama ofa za miaka minne ni za kukaa benchi, ningeanzia huko.

Kwa familia zetu

Kijana aliyezaliwa Afrika lakini anasoma sekondari Marekani huingia drafti kama Mmarekani yeyote. Tayler Scott, mzaliwa wa Johannesburg, alisoma Arizona, akachaguliwa na Chicago Cubs raundi ya 5 mwaka 2011 na kusaini akitoka sekondari. Aliingia Ligi Kuu 2019 na Seattle, mrushaji wa kwanza mzaliwa wa Afrika kufika huko. Miaka minane. Anayeishi Kampala au Dar es Salaam hayumo kwenye drafti kabisa. Anaweza kusaini moja kwa moja kuanzia miaka 16, kama walivyofanya Waganda Umar Male na Ben Serunkuma, wote warushaji, na Dodgers mwaka 2022. Kwake chuo cha Marekani kinakuja tu akipata ufadhili kwanza, na akishajiunga nacho anahesabiwa kwenye drafti.

Viza nayo ina uzito wake. Mwenye viza ya mwanafunzi amewekewa mipaka mikali ya kufanya kazi, na fedha za matangazo ambazo wenzake wanapokea tangu Julai 2021 zinaweza kumharibia hadhi yake ya kuishi nchini. Asisaini karatasi yoyote ya biashara, hata ya duka la viatu la mtaani, kabla ofisi ya wanafunzi wa kigeni na mwanasheria wa uhamiaji hawajaisoma. Akisaini na klabu, klabu humwombea viza ya mwanamichezo, na viza hiyo inasimama kwa mkataba. Akiachwa Juni, siku za kubaki nchini zinaanza kuhesabiwa. Hilo liulizwe kwa klabu kwa maandishi, pamoja na nauli ya kurudi, wiki ile ile wanapojadili pesa ya kusaini.